Gari Linaposoma Mistari: Mwongozo kwa Mwenye Gari Lenye Kamera

Kwenye usukani, au kwenye dashibodi karibu na goti la kulia la dereva, magari mengi ya Japani yaliyotengenezwa katika miaka kumi hivi iliyopita yana kitufe chenye picha ya gari dogo lililo kati ya mistari miwili. Aliyenunua gari hukibonyeza kwa udadisi, kisha akiwa njiani husikia mlio asiouelewa au huhisi usukani ukimvuta mikononi. Hushtuka, hukizima, na tangu siku hiyo kitufe hubaki pambo.

Ni hasara kubwa. Nyuma ya kitufe kile kuna kamera, kompyuta na mota ya umeme vinavyoweza kumrudisha njiani dereva aliyesinzia saa nane za usiku. Tena magari yenye vifaa hivyo si ya matajiri peke yao. Kenya hairuhusu kuingiza gari lililozidi miaka minane, na Tanzania hutoza ushuru wa ziada kwa gari lililozeeka, kwa hiyo mengi yanayoshuka melini Mombasa na Dar es Salaam leo ni ya kizazi kilichozaliwa na kamera. Subaru ilianza kuuza mfumo wake wa kamera, EyeSight, huko Japani mwaka 2008, Toyota ikaleta Safety Sense mwaka 2015, na Nissan ikafunga ProPILOT kwenye Serena mwaka 2016. Harrier, Forester, CX-5, Vezel na X-Trail zenye jicho kwenye kioo cha mbele zimejaa mitaani. Lakini kitabu cha maelekezo kimelala ndani ya droo ya dashibodi, na kimeandikwa kwa Kijapani.

Jambo la kwanza la kushika ni kwamba mfumo huu hauijui barabara. Unajua mistari. Haujui kwamba mbele kuna daraja jembamba, wala kwamba lori linalokuja limeingia upande wako, wala kwamba ng'ombe wamesimama nyuma ya kona. Unatafuta rangi iliyopakwa kwenye lami, unapima gari liko umbali gani kutoka kwenye rangi hiyo, na unachukua hatua gari linapoikaribia bila sababu inayoeleweka kwake. Karibu kila faida yake na kila udhaifu wake hutokana na hapo.

Chini ya picha ileile ya gari na mistari kuna kazi tatu tofauti, na mwenye gari anapaswa kujua lake linafanya ipi. Ya kwanza ni kuonya tu: gari likikanyaga mstari, linalia, taa inawaka kwenye dashibodi, au usukani unatetemeka, lakini magurudumu hayaguswi. Ya pili ni kurudisha: gari likikaribia mstari, usukani unasukumwa kidogo upande wa pili, kisha mfumo unaachia. Ya tatu ni kushika katikati: mfumo unaongoza usukani muda wote ili gari libaki katikati ya njia yake, mara nyingi ukishirikiana na kruzi, ule mfumo wa kushika mwendo bila kukanyaga mafuta. Kwenye Toyota, herufi LDA huhusu onyo, wakati mwingine pamoja na kusukuma, na LTA huhusu kushika katikati. Honda huandika LKAS, Mazda huandika LAS.

Jina la gari halitoshi kujua. Toyota iligawa Safety Sense ya mwanzo katika madaraja mawili: C kwa magari madogo, iliyotoa onyo peke yake, na P kwa magari makubwa, ambayo baadhi yake yaliweza kusukuma usukani. Magari mawili ya mwaka mmoja yaliyoegeshwa sambamba kwenye yadi ya muuzaji yanaweza kuwa na kitufe kinachofanana huku moja likipiga kelele tu na la pili likigeuza usukani. Anayenunua aulize hilo kabla ya kulipa, na alithibitishe kwa kuliendesha.

Kamera yenyewe iko nyuma ya kioo cha ndani cha kutazamia nyuma, ndani ya kasha jeusi lililobanwa kwenye kioo cha mbele. Ukisimama nje ya gari utaona dirisha dogo lisilo na rangi katikati ya eneo jeusi la kioo, na ndani yake lenzi ndogo. Subaru zenye EyeSight zina lenzi mbili zilizoachana, moja kila upande wa kioo cha ndani, ili kompyuta ilinganishe picha hizo mbili na kukadiria umbali. Mahali hapo pamechaguliwa kwa makusudi: ni juu, ni katikati, na waipa hupasafisha mvua inaponyesha.

Kamera hupiga makumi ya picha kila sekunde. Kwa kompyuta, picha ni jedwali la namba zinazoonyesha mwanga na giza. Lami ni giza, rangi nyeupe ni mwanga, na mstari wa barabarani una upana wa sentimita 10 hadi 15 hivi. Kwa hiyo kompyuta hupitisha hesabu yake toka kushoto kwenda kulia, ikitafuta mahali ambapo giza linageuka mwanga ghafla kisha linarudi giza baada ya upana huo. Kila alama ya namna hiyo huwekwa kwenye orodha ya washukiwa. Mengi si mistari: ni kivuli cha nguzo, ni alama ya tairi, ni kiraka cha lami mpya. Kompyuta huchuja kwa kubakiza zile alama zinazopangana, zinazoelekea pamoja kwenye upeo wa macho kama mistari halisi inavyofanya, na zinazoendeleza kilichoonekana kwenye picha iliyotangulia. Mistari ya vipande vipande huunganishwa kwa njia hiyohiyo. Magari ya karibuni yameongezewa programu zilizofunzwa kwa picha nyingi mno za barabara, ndiyo maana baadhi yanaweza kutambua hata ukingo wa lami unapokutana na nyasi, pasipokuwa na rangi kabisa.

Mistari ikishapatikana, kompyuta inahitaji mambo matatu: gari liko umbali gani kutoka kila mstari, limeelekeza pua upande gani, na njia iliyo mbele imepinda kiasi gani. Kisha inapiga hesabu ya muda uliobaki kabla ya tairi kufika kwenye mstari.

Hesabu hiyo inafaa kufanywa hapa kwa namba. Chukua njia yenye upana wa mita 3.5 na gari lenye upana wa mita 1.8 linalokwenda katikati yake. Kila upande kuna sentimita 85. Dereva ana kasi ya kilomita 80 kwa saa, maana yake anakula mita 22 kila sekunde. Akiinamia simu na gari likaanza kusogea pembeni nusu mita kwa sekunde, pua ya gari itakuwa imepinda nyuzi moja na kidogo tu, mpindo ambao mwili hauuhisi. Hata hivyo, tairi litafika kwenye mstari baada ya sekunde 1.7, gari likiwa limekwenda mita 38. Kusoma ujumbe mfupi wa simu huchukua zaidi ya sekunde hizo. Huu ndio muda ambao mfumo umewekwa ili kuuokoa, na ni mfupi kiasi kwamba mlio wa onyo ukipuuzwa mara moja, hakuna wa pili.

Gari linageuzwaje bila mkono? Usukani wa magari haya husaidiwa na mota ya umeme badala ya pampu ya mafuta. Ndani ya mhimili wa usukani kuna ufito wa chuma unaojipinda kidogo sana dereva anapozungusha, na kihisi hupima mpindo huo ili mota ijue iongeze nguvu kiasi gani. Mfumo wa kushika njia hutumia mota hiyohiyo, ila amri inatoka kwenye kamera badala ya kutoka mikononi mwa dereva. Kampuni nyingine zimetumia breki: gari likienda kushoto, breki ya upande wa kulia inabanwa kidogo na pua inarudi.

Nguvu inayotumika ni ndogo kwa makusudi. Kanuni namba 79 ya Umoja wa Mataifa kuhusu usukani inataka dereva aweze kuushinda mfumo kwa nguvu isiyozidi nyutoni 50, karibu sawa na uzito wa mfuko wa kilo 5. Anayeogopa kwamba gari litamnyang'anya usukani aondoe shaka hiyo. Akitaka kukwepa shimo, azungushe kama kawaida, mota itaachia.

Kihisi kilekile cha ufito ndicho kinachomwambia mfumo kama dereva ameshika usukani. Hakioni mikono, kinahisi msukumo. Kwa hiyo dereva aliyeshika vizuri lakini kwa wepesi, kwenye barabara iliyonyooka, anaweza kuandikiwa kwenye dashibodi kwamba ameachia. Dawa yake ni kuusukuma usukani kidogo upande mmoja. Kwa mifumo inayoshika katikati, kanuni hiyo ya 79 imepanga hatua: sekunde 15 bila mikono, onyo la maandishi linatokea, zikifika 30, linakuwa jekundu na mlio unaongezwa, baada ya sekunde 30 nyingine mfumo unajitoa. Wapo madereva waliofunga chupa ya maji au kizito kwenye usukani ili kukidanganya kihisi. Nchini Marekani, mwaka 2018, mamlaka ya usalama barabarani iliamuru kizito kilichouzwa mahsusi kwa kazi hiyo kiondolewe sokoni. Anayefanya hivyo amekatiza uzi wa mwisho kati yake na gari lake.

Sehemu nyingine ya lugha ya mfumo ni indiketa. Ukiiwasha, kompyuta inaelewa kwamba unahama kwa hiari na inakaa kimya. Usipoiwasha, inaamini umesinzia. Hapa ndipo madereva wengi wa kwetu hugombana na gari. Wamezoea kupita lori bila indiketa, au kurudi njiani bila indiketa baada ya kupita, na kila mara usukani unawapinga au mlio unawasumbua. Wanahitimisha kwamba mfumo ni mbovu. Mfumo unafanya kazi yake. Ni indiketa ndiyo inayokosekana. Atakayejizoeza kuiwasha kila anapovuka mstari atapata utulivu kwenye gari, na walio nyuma yake watajua anakokwenda.

Teknolojia hii imetoka mbali. Mwaka 1987, Profesa Ernst Dickmanns wa chuo kikuu cha jeshi mjini Munich aliliendesha gari la Mercedes lililojaa kompyuta kwa kasi ya kilomita 96 kwa saa kwenye barabara kuu ambayo ilikuwa bado haijafunguliwa kwa umma, likijiongoza kwa kamera. Mwaka 1995, watafiti Dean Pomerleau na Todd Jochem wa Chuo Kikuu cha Carnegie Mellon walisafiri kutoka Pittsburgh hadi San Diego, zaidi ya kilomita 4,500, na asilimia 98.2 ya safari usukani uliongozwa na kompyuta. Mafuta na breki walivishika wenyewe. Mwaka 2001 Nissan Cima iliuzwa Japani ikiwa na msaada wa kushika njia. Citroën walipita njia yao: magari yao ya katikati ya miaka ya 2000 yalikuwa na vihisi vya mwanga wa infraredi chini ya bampa ya mbele, vikitazama lami moja kwa moja, na dereva alitikiswa kiti upande ule aliokanyaga mstari. Kasoro ya wazo hilo ni kwamba kihisi kilichotazama chini kiliuona mstari baada ya gari kuufikia. Kamera huuona kabla.

Je, inasaidia kweli? Taasisi ya Marekani ya bima kwa usalama barabarani, IIHS, ilitoa utafiti mwaka 2017 uliolinganisha magari yenye onyo la mstari na yasiyo nalo. Ajali za aina inayohusika, yaani gari kutoka barabarani peke yake, kukwaruzana ubavu na kugongana uso kwa uso, zilipungua kwa asilimia 11, na zile zenye majeruhi kwa asilimia 21. Huo ni mlio tu, bila mota kugusa usukani. Taasisi hiyohiyo iliwahi kukagua magari yaliyoletwa kwa matengenezo na kukuta karibu nusu yamezimwa mfumo huo. Umoja wa Ulaya haukungoja hiari ya madereva: tangu Julai 2024 kila gari jipya linalouzwa huko lazima liwe na mfumo wa dharura wa kushika njia, na unajiwasha wenyewe kila gari linapowashwa.

Upande wa pili wa habari uko Mountain View, California. Tarehe 23 Machi 2018, gari la Tesla Model X lilikuwa likijiongoza kwenye barabara kuu, likielekea mahali ambapo njia ya kutokea inaachana na njia kuu na kuacha pembetatu katikati. Alama za pale zilikuwa zimechakaa. Gari lilielekea kushoto, likaingia ndani ya pembetatu kana kwamba ni njia, likaongeza mwendo hadi kilomita 114 kwa saa na kugonga kizuizi cha zege. Dereva alikufa. Bodi ya uchunguzi wa ajali, NTSB, ilieleza kwamba mfumo ndio ulioliongoza gari pale kwa sababu ya mipaka yake, na kwamba dereva hakuchukua hatua, yumkini kwa kuwa mchezo kwenye simu ulikuwa umemteka. Katika sekunde 6 za mwisho mikono yake haikuhisiwa kwenye usukani. Dereva anayeendesha kwenye barabara zenye rangi iliyofifia ana sababu ya kuikumbuka ajali hiyo kila anapobonyeza kitufe.

Kwetu, barabara moja inaweza kubadilika mara kadhaa kati ya mji na mji. Barabara ya kisasa kama Nairobi Expressway au njia nane za Kimara hadi Kibaha ina mistari iliyo wazi pande zote mbili, na hapo mfumo unajiona nyumbani. Kwenye barabara ya Mombasa hadi Nairobi, ambayo kwa sehemu kubwa ni njia moja kwenda na moja kurudi, mstari wa katikati huonekana lakini wa pembeni mara nyingi umeliwa na mchanga wa ukingoni. Mfumo unaweza kushika mstari mmoja na kuupoteza wa pili. Tazama picha ya mistari kwenye dashibodi. Katika magari mengi, mstari uliojazwa rangi maana yake unaonekana, na mstari ulio kivuli au wenye umbo tupu maana yake umepotea. Dereva anayezoea kuipitia picha hiyo kwa jicho la haraka, kama anavyopitia kipimo cha mwendo, anajua muda wote kama analindwa au yuko peke yake.

Kuna mahali ambapo mfumo hukaa kimya kwa utaratibu. Mifumo mingi haianzi kazi mpaka gari lifikishe mwendo wa kati ya kilomita 50 na 65 kwa saa, kutegemea kampuni. Mjini kwenye foleni hautausikia, na hiyo si hitilafu. Kwenye kona kali za kushuka Kitonga, Iringa, mstari hupinda haraka kuliko mota ilivyoruhusiwa kusukuma, na mfumo hujitoa bila fujo, wakati mwingine kwa mlio mdogo unaofunikwa na redio. Kwenye mteremko wa namna ile, kazi yote ni ya mikono na gia.

Kuna pia mahali unapodanganyika. Mafundi wa barabara huziba nyufa kwa lami ya kumimina inayoacha michirizi myeusi ing'aayo; jua la jioni likiipiga, michirizi hiyo hugeuka myeupe mbele ya kamera. Kwenye matengenezo, mistari ya zamani huachwa chini ya mistari ya muda, na kompyuta huona njia mbili zilizopishana. Usiku wa mvua, maji juu ya lami huakisi taa za magari yanayokuja na kuifuta rangi isionekane, kwa kamera na kwa macho ya mtu pia. Ukungu wa Njombe na Limuru huifunga kabisa. Katika hali hizi zote ushauri ni mmoja: zima msaada wa kusukuma usukani kabla ya kuingia, uache onyo la mlio kama gari linaruhusu kuvitenganisha, na uuwashe tena ukishapita.

Bodaboda wanahitaji neno lao. Dereva muungwana anayempita bodaboda au mwendesha baiskeli husogea kuelekea mstari wa katikati ili kumwachia nafasi. Mfumo hauelewi uungwana huo. Kwake gari linatoka njiani, na unaweza kulisukuma kurudi upande alipo mtu yule. Msukumo ni mdogo, lakini umekuja wakati mbaya. Washa indiketa ya kulia unapompita, shika usukani kwa mikono miwili, na msukumo hautakuja. Hili ni la kulizoea mpaka lifanyike lenyewe.

Sasa gereji, ambako mifumo hii huharibiwa zaidi kuliko barabarani. Kioo cha mbele kikipasuka kwa kokoto, fundi wa vioo huking'oa, hukifunga kingine na kuirudisha kamera kwenye kasha lake. Gari linawaka, hakuna taa ya hitilafu, mwenye gari analipa na kuondoka. Tatizo ni kwamba kamera ikigeuka nyuzi moja tu, kosa lake kwenye umbali wa mita 50 ni sentimita 87, zaidi ya nafasi yote iliyokuwepo kati ya tairi na mstari kwenye hesabu yetu ya mwanzo. Kwa hiyo baada ya kubadili kioo, kamera lazima ipimwe na kupangwa upya. Kazi hiyo hufanywa kwa namna mbili: gari linasimamishwa mahali tambarare mbele ya ubao wenye michoro maalumu uliowekwa kwa vipimo vya kampuni, au linaendeshwa kwenye barabara yenye mistari mizuri huku mashine ya kompyuta imeunganishwa hadi iridhike. Magari mengine yanataka zote mbili. Kabla ya kukubali kioo kipya, muulize fundi maswali mawili: kioo hiki kina dirisha safi la kamera kama cha mwanzo, na nani atapanga kamera baada ya kukifunga? Akikosa jibu la swali la pili, tafuta gereji nyingine, au uuzime mfumo huo mpaka upate mwenye mashine.

Kuinua gari ni kosa lingine lililoenea. Kwa sababu ya matuta na barabara mbovu, watu hufunga spesa juu ya springi ili gari liwe juu zaidi. Spesa za mbele peke yake zinainua pua, na kamera iliyokuwa ikitazama barabara inaanza kutazama juu kidogo. Kompyuta inakadiria umbali kwa kudhani kamera iko kwenye kimo na mwinamo ule wa kiwandani, kwa hiyo makadirio yote yanakosea. Anayeinua gari lenye kamera ainue mbele na nyuma kwa uwiano, kisha kamera ipangwe upya. Alaimenti nayo ni hivyohivyo: usukani uliokaa mshazari gari likienda moja kwa moja unaipa kompyuta habari za uongo kuhusu mwelekeo wa magurudumu.

Mengine ni ya nyumbani na hayagharimu. Stika ya bima na stika za parokia, chuo au klabu zibandikwe mbali na dirisha la kamera. Karatasi ya kuzuia jua isipitishwe mbele yake. Zulia la manyoya meupe na dawa ya kung'arisha dashibodi huakisi juu ya kioo mchana wa jua kali, na EyeSight ya Subaru husumbuliwa sana na miakisi hiyo. Lenzi yenyewe isiguswe kwa kidole wala kitambaa. Kinachosafishwa ni kioo upande wa nje, na mipira ya waipa ibadilishwe ikianza kuacha michirizi. Baada ya safari ndefu ya usiku kioo hujaa wadudu waliokauka, na mdudu mmoja aliyekauka mbele ya lenzi anatosha kuzima kila kitu.

Anayetaka kuujaribu mfumo wa gari lake achague barabara pana yenye mistari mipya, asubuhi kavu, isiyo na magari mengi, akiwa na mtu mwingine kitini. Awashe kitufe, afikishe kilomita 70 kwa saa, asubiri mistari ijae kwenye dashibodi. Mikono ikiwa kwenye usukani, aliache gari lisogee taratibu kuelekea mstari wa kushoto, wa ukingoni, kamwe si wa katikati. Atasikia mlio au mtetemo, na kama gari lina mota ya kurudisha, atahisi msukumo laini kwenda kulia. Arudie akiwa amewasha indiketa ya kushoto, aone ukimya. Majaribio hayo mafupi yatamfundisha gari lake lina kazi ipi kati ya zile tatu na linaonya mapema kiasi gani. Kama halikuonya kabisa huku mistari imejaa, kuna kasoro ya kupelekwa kwa fundi mwenye mashine ya kompyuta.

Na kwa TANROADS, KeNHA na mawakala wengine wa barabara kuna ombi moja. Rangi ya barabarani yenye chembe za kioo, zile zinazorudisha mwanga wa taa usiku, sasa inasomwa na macho ya aina mbili: ya madereva na ya kamera. Magari yanayoisoma tayari yapo barabarani, na kila mwezi meli huleta mengine. Mistari ya pembeni ifagiliwe mchanga, ipakwe upya inapofifia, na ile ya zamani ifutwe kabisa njia inapohamishwa kwenye matengenezo. Kazi hiyo ifanywe kwanza kwenye barabara kuu za njia moja kwenda na moja kurudi, ambako mabasi na malori hupishana usiku kucha.